Mbao na kokwa za mti mmoja hazina mwenyewe mmoja

Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua nitoe hoja kuhusu miti ya Asia ya kitropiki inayosifiwa kwa mbao zake na kwa kokwa zake zinazoliwa. Makala za mazingira zinapoitaja miti hiyo huimba wimbo mmoja: ni miti yenye faida mbili, mpandaji hula kokwa maishani mwake na wajukuu wakapasua mbao, kwa hiyo kuitunza si kazi ngumu, maana faida yenyewe inailinda. Kila sehemu ya maelezo hayo ina ukweli wake, lakini yakiunganishwa yanampotosha msomaji, kwa sababu mbao na kokwa za mti mmoja mara nyingi haziendi kwa mtu mmoja, hazilipwi wakati mmoja, wala hazisimamiwi na sheria moja. Mwenye mbao hupata chake mara moja tu, siku mti unapoanguka. Mwenye kokwa hupata chake msimu baada ya msimu, ilimradi mti haujaanguka. Mti mmoja una wadai wawili, na kumlipa mmoja ni kumdhulumu mwingine. Kabla ya kuhesabu faida, basi, tuulize kwanza nani ana haki juu ya nini.

Nianzie kisiwa cha Borneo, kwa kuwa huko mvutano huu uko wazi kuliko kwingineko. Katika Kalimantan Magharibi upande wa Indonesia, na katika Sarawak upande wa Malaysia, kuna aina kadhaa za miti ya jenasi ya Shorea inayozaa kokwa zenye mafuta. Waindonesia huiita tengkawang na watu wa Sarawak huiita engkabang. Katika soko la mbao miti hiyo hiyo huingizwa katika kundi la meranti nyekundu, mbao nyepesi, rahisi kupasuliwa na kurandwa, ambayo kwa miongo mingi imegeuzwa plaiwudi, milango na fremu za madirisha. Mkaguzi wa magogo akifika chini ya mti huo hupima unene wa shina na urefu wake hadi tawi la kwanza, kisha huandika mita za ujazo. Mwanakijiji wa Kidayak, yaani wa jamii za wenyeji wa asili wa Borneo, akifika hapo hapo hutazama juu kwenye matawi kuona kama kuna maua.

Maua hayo hayaji kila mwaka. Miti ya familia hii, inayoitwa dipterokapi, inaweza kukaa miaka miwili, minne, hata zaidi bila kuzaa kitu cha maana, kisha mwaka mmoja msitu mzima huchanua karibu kwa pamoja na kumwaga mbegu kwa wingi usio wa kawaida, mara nyingi wakati wa ukame unaoletwa na El Nino. Kokwa ya tengkawang hushuka ikizunguka kwa mabawa yake matano, matatu marefu na mawili mafupi, na ikishafika chini haina subira: unyevu huiamsha ndani ya siku chache ikaanza kuota. Kwa hiyo msimu ukifika familia nzima huingia msituni na vikapu, ikishindana na nguruwe mwitu wenye ndevu, ambao nao husafiri mwendo mrefu kuyafuata mavuno hayo. Kokwa nyingine hulowekwa mtoni zikiwa ndani ya vikapu mpaka maganda yalegee. Nyingine hukaushwa juani au juu ya moshi wa jikoni. Viini hupondwa, hutiwa mvuke, kisha hubanwa kati ya mbao mbili mpaka mafuta yatoke, na mafuta hayo humiminwa ndani ya vipande vya mianzi ambamo huganda. Wakati wa chakula mtu hukata kipande kidogo cha mafuta hayo ya manjano hafifu na kukiweka juu ya wali wa moto kiyeyuke.

Tengkawang huyeyuka katika joto linalokaribiana na la siagi ya kakao, na hiyo ndiyo sababu viwanda vya chokoleti na vipodozi vya Ulaya viliifuata Borneo. Agizo la Umoja wa Ulaya la mwaka 2000 kuhusu chokoleti linaruhusu aina 6 tu za mafuta ya mimea kutumika pamoja na siagi ya kakao, yasizidi asilimia 5 ya bidhaa nzima, na tengkawang ni mojawapo. Watetezi wa miti hii hupenda kulitaja agizo hilo kama ushahidi kwamba soko lipo. Mimi nalisoma kwa jicho jingine. Katika orodha hiyo hiyo yamo mafuta ya mawese, ambayo hupatikana mwezi hadi mwezi, mwaka hadi mwaka. Mwenye kiwanda anataka shehena yake kwa tarehe aliyoipanga, na mti unaozaa kwa hiari yake haumwezi mteja wa namna hiyo. Asipoipata tengkawang mwaka huu ana pa kukimbilia, mwokotaji hana. Gogo, kwa upande wake, halina msimu. Linaweza kukatwa leo, kesho au mwakani, na bei yake inajulikana kabla msumeno haujawashwa. Kwa hiyo hata pale ambapo jumla ya thamani ya kokwa za miaka mingi inazidi thamani ya mbao, familia yenye mgonjwa au yenye deni la ada ya shule katika mwaka usio na kokwa itakuwa na sababu nzito ya kumsikiliza mnunuzi wa magogo.

Na mara nyingi familia hiyo haikuulizwa kitu. Indonesia ilipopitisha Sheria ya Msingi ya Misitu Na. 5 ya mwaka 1967, mlango ulifunguliwa kwa kampuni zenye leseni za kuvuna magogo katika misitu iliyohesabiwa kuwa ya serikali, na Kalimantan ikawa miongoni mwa vyanzo vikubwa vya mbao za kitropiki duniani. Mwaka 1985 usafirishaji wa magogo nje ya nchi ulipigwa marufuku, lakini nia ilikuwa kuvilisha viwanda vya ndani vya plaiwudi, wala mwokotaji wa kokwa hakuwa katika hesabu hiyo. Kinga ya tengkawang ilikuja kwa njia nyingine. Sheria Na. 5 ya mwaka 1990 inamkataza kila mtu kukata, kuchukua au kumiliki mimea inayolindwa, na Kanuni ya Serikali Na. 7 ya mwaka 1999 iliweka aina kadhaa za tengkawang katika orodha ya mimea hiyo.

Waandishi wengi wakifika hapo huweka nukta na kuhesabu kwamba tatizo limekwisha. Naona marufuku hiyo ilijibu nusu ya swali, tena nusu iliyo rahisi. Ukiulinda mti mmoja mmoja na kuuacha msitu unaouzunguka uende, unaulinda mti usioweza kuzaa mwenzake. Utafiti wa Lisa Curran na wenzake katika Kalimantan Magharibi, uliochapishwa mwaka 1999, ulionyesha jambo hilo kwa namna ya kusikitisha: msitu wa nje ulipokatwa na kuungua, wanyama wanaokula mbegu walikimbilia vipande vilivyobaki, na mbegu za dipterokapi zilizoanguka ndani ya hifadhi ya Gunung Palung zikaliwa karibu zote, hata miche mipya ikakosekana mahali ambapo shoka halikufika. Miti hii huzaa kwa pamoja ili walaji washibe na mbegu nyingine zibaki. Msitu ukipungua hadi kuwa kisiwa kidogo, walaji hawashibi tena. Orodha ya mimea inayolindwa haiwezi kulirekebisha hilo.

Upande wa pili unamhusu binadamu. Sheria inayosema ‘kila mtu’ haitofautishi kati ya kampuni iliyoukuta mti umesimama na mzee aliyeupanda kwa mkono wake. Na mikono iliyoupanda ipo. Katika Kalimantan Magharibi Wadayak wana mashamba ya msitu yanayoitwa tembawang, ambayo kwa kawaida huota mahali palipokuwa na nyumba ndefu za zamani. Watu walipohama waliacha nyuma yao miduriani, mitengkawang na miti mingine ya matunda, wakaendelea kurudi kuvuna na kupanda mingine. Mgeni anaweza kupita katikati ya tembawang akadhani yuko katika msitu ambao haukuguswa na mtu. Wenyeji wanajua nani alipanda mti upi, na wazao wa mpandaji hushiriki haki ya kuokota chini yake, hata kama wametawanyika vijiji kadhaa. Haki ya kokwa, kwa maneno mengine, imekuwapo kwa utaratibu ulioeleweka miaka mingi kabla ya ofisi ya misitu kufika na mkanda wake wa kupimia. Kilichokosekana ni serikali kuitambua.

Ndiyo maana naiona hukumu ya Mahakama ya Katiba ya Indonesia ya mwezi Mei 2013 kuwa na uzito kwa tengkawang kuliko orodha yoyote ya mimea. Shauri lilifunguliwa na muungano wa jamii za asili wa nchi hiyo, na mahakama ilitamka kwamba misitu ya kimila si sehemu ya misitu ya serikali. Hukumu hiyo haikutaja kokwa hata kidogo. Lakini kabla yake, mwenye tembawang alikuwa akiokota katika ardhi ambayo kwa kitabu cha sheria ilikuwa ya serikali, na serikali ingeweza kumpa mtu mwingine leseni juu yake. Baada yake, ana hoja ya kusimama nayo mbele ya mwenye leseni. Utekelezaji umekwenda kwa mwendo wa kobe, maana kila jamii hutakiwa kwanza kutambuliwa rasmi na mamlaka za eneo lake, na urasimu wa namna hiyo una njia nyingi za kumchosha mwanakijiji.

Ukielekea mashariki, hadi visiwa vya Maluku, unakutana na mkenari, wa jenasi ya Canarium, ambao historia yake inatoa somo tofauti kidogo. Katika visiwa vya Banda, vilivyotekwa na Kampuni ya Kiholanzi ya Mashariki ya India mwaka 1621 kwa ajili ya kuhodhi biashara ya kungumanga, mikenari mirefu iliachwa isimame juu ya mashamba, kwa kuwa mkungumanga unahitaji kivuli na kinga dhidi ya upepo. Hapo mwenye shamba, hata yule dhalimu kuliko wote, alikuwa na sababu yake mwenyewe ya kutoukata mkenari: ungeanguka, kungumanga zake zingeungua kwa jua. Kokwa zilikuwa ziada. Mpaka leo watu wa kisiwa cha Ambon, huko huko Maluku, huzitia katika vitafunio vya unga wa sago, na kahawa yao ya tangawizi, iitwayo rarobang, huletwa mezani ikiwa na vipande vyembamba vya kenari vinavyoelea juu yake. Katika bustani ya mimea ya Bogor, kisiwani Java, iliyoanzishwa mwaka 1817, kuna mikenari mikubwa iliyopandwa kandokando ya barabara, mizizi yake imesimama juu ya ardhi kama kuta za nyumba isiyoezekwa, na hakuna anayefikiri kuigeuza mbao.

Ganda la kenari ni gumu mno, na kulivunja bila kuponda kiini ni kazi ya ustadi. Fundi hodari kuliko wote pengine ni kasuku mkubwa mweusi wa visiwa vya Aru. Alfred Russel Wallace, mwanasayansi wa viumbe kutoka Uingereza aliyekaa katika visiwa hivyo mwaka 1857, alieleza jinsi ndege huyo anavyofanya: huishika kokwa ndani ya mdomo ikiwa imesimama kwa ncha, akaikereza kwa ukingo mkali wa mdomo wa chini mpaka apate mfuo, kisha huikamata kwa mguu, hung'ata kipande cha jani na kukiweka ndani ya mdomo wa juu ili kokwa isiteleze, akishaibana hivyo huvunja kipande cha ganda, na ulimi wake mrefu huchokoa kiini kidogo kidogo. Nakiri nimemtaja ndege huyu kwa sababu napenda habari zake. Hata hivyo anatukumbusha jambo la hesabu: sehemu kubwa ya thamani ya kokwa hizi haiko mtini, iko katika kazi ya kuzivunja, na anayeuza kokwa nzima kwa gunia anamwachia mwingine faida hiyo.

Sasa iweke kokwa hiyo kando ya mbao yake. Mbao za miti ya Canarium, ambazo katika soko la Malaysia hujulikana kama kedondong, si mbao za kifahari. Nyingi zina chembe za silika zinazotafuna meno ya msumeno, hushikwa haraka na ukungu wa buluu zisipokaushwa mapema, na hazidumu zikigusa ardhi au mvua. Zinafaa kazi za ndani, masanduku na plaiwudi. Kwa hiyo kuukata mkenari unaozaa ili kupata mbao za daraja hilo ni biashara mbovu kwa mtu anayemiliki vyote viwili. Ni biashara nzuri tu kwa mtu ambaye kokwa hazikuwa zake. Ukiona mkenari wenye afya umelazwa chini katikati ya msimu wa kuzaa, uliza leseni ilikuwa ya nani.

Ufilipino imekwenda mbele zaidi kwa ndugu wa mkenari, yaani mpili, ambao makao yake makuu ni eneo la Bicol, kusini-mashariki mwa kisiwa cha Luzon. Katika mikoa ya Albay, Sorsogon na Camarines Sur, mpili ni mti wa shambani na wa uani, na mwenye shamba ndiye mwenye kokwa, ndiye mwenye mbao, ndiye mwenye kuni. Tunda likikomaa huwa jeusi. Hulowekwa katika maji ya moto kiasi, yasiyochemka, mpaka nyama ya nje ilainike, na nyama hiyo huliwa kwa chumvi au kwa mchuzi wa samaki uliochachushwa. Kinachobaki ni kokwa yenye pembe tatu na ncha mbili kali. Mvunjaji huisimamisha juu ya kigogo na kuipiga pigo moja la panga katikati. Akiwa na mkono mzuri, ganda hugawanyika na kiini hutoka kizima, na akikosea, kiini kilichokatika hupata bei ya chini. Kiini hicho kina mafuta karibu asilimia 70, na kikipakwa sukari au kikichanganywa katika peremende huuzwa kama zawadi ambayo hakuna msafiri atokaye Bicol bila kuibeba. Eneo hilo hupigwa na tufani mara kwa mara, na wakulima huusifu mpili kwa kusimama imara pale mimea mingine inapong'oka.

Katika mpili, mbao na kokwa zina uwezekano wa kupatana, na sababu yake ni ya kibaiolojia. Mti wa kiume na mti wa kike ni mbalimbali. Mkulima akipanda kwa mbegu hawezi kujua jinsia ya mche mpaka uchanue, jambo linalochukua miaka kama mitano au sita, na hapo hugundua kwamba sehemu kubwa ya shamba lake ni madume yasiyozaa. Madume machache yanahitajika kwa ajili ya chavua. Yaliyozidi yanaweza kukatwa yakawa mbao na kuni bila kokwa hata moja kupotea. Miche iliyobebeshwa, yaani iliyounganishwa na kichipukizi cha mti wa kike unaojulikana, huondoa kubahatisha huko na kuzaa mapema, na Ufilipino imesajili aina bora za kubebesha, kama vile Katutubo, Laysa na Mayon. Ni kazi isiyo na mvuto wa picha za magazetini, lakini naamini kitalu kizuri cha miche iliyobebeshwa kimeulinda mpili kuliko mabango mengi ya uhifadhi. Ipo pia faida ya tatu yenye hatari yake: ulimbo unaoitwa elemi ya Manila, unaotokana na mpili na hasa ndugu yake wa karibu, na unaotumika katika vanishi na manukato. Anayeugema kwa pupa huchuna gome kuzidi kiasi, na mti uliochunwa hivyo hudhoofika.

Mwaka 2011 Rais Benigno Aquino wa Tatu alitoa Amri ya Utendaji Na. 23 iliyosimamisha ukataji wa miti katika misitu ya asili na mabaki yake kote Ufilipino. Nasifu mpaka uliowekwa hapo: amri ililenga msitu wa asili, na haikumgeuza mkulima mwenye mipili yake kuwa mshukiwa kwa kupanda. Mtu anayejua kwamba ana haki ya kuukata mti wake uliozeeka hupanda mwingine bila wasiwasi. Anayejua kwamba kupanda aina fulani kunamwingiza katika vibali na faini hung'oa mche ungali mdogo, kimyakimya, kabla mtu hajauona.

India ilichukua njia ndefu kufika mahali hapo. Msali, yaani mti wa sal, ambao nao ni Shorea, ulithaminiwa na utawala wa Waingereza kwa sababu moja, mataruma ya reli. Mbao yake ni nzito na hustahimili ardhi, na Sheria ya Misitu ya mwaka 1878 iliwezesha misitu mikubwa kufungwa kwa ajili ya serikali. Mbegu zake, ambazo huanguka kabla tu ya mvua kubwa za mwaka na ambazo wanawake wa Adivasi, yaani jamii za wenyeji wa asili, katika Chhattisgarh, Jharkhand, Odisha na Madhya Pradesh huzikusanya, huzichoma mabawa na kuziuza kwa ajili ya mafuta, ziliwekwa katika kundi lililoitwa mazao madogo ya misitu. Udogo huo ulikuwa machoni pa idara. Kwa kaya inayosubiri mvua huku ghala likiwa tupu, mbegu hizo ndizo zilizoleta chumvi na mafuta ya taa. Sheria ya Haki za Misitu ya mwaka 2006 hatimaye ilizipa jamii hizo umiliki wa mazao hayo, pamoja na haki ya kuyakusanya na kuyauza, na kuanzia mwaka wa fedha 2013/14 serikali kuu ilitangaza bei ya chini ya kununulia baadhi yake, mbegu za sal zikiwemo. Sheria hiyo ina mapengo, na bei ya kutangazwa si bei ya kulipwa. Lakini mpangilio wake ni sahihi: kwanza haki, ndipo bei.

Kuhusu mkungu, mti wa pwani za Asia ambao wengi wetu tunauita mlozi wa kivuli, nitasema machache. Kiini chake ni kitamu, ganda lake huelea baharini na kuupeleka mti mbali na ulikozaliwa, mbao zake zinafaa mashua na samani, na hakuna ugomvi mkubwa uliowahi kuuzunguka, kwa kuwa kiini ni kidogo mno kuvutia mfanyabiashara. Mgongano ninaouzungumzia huja pale upande wowote unapoanza kuwa na fedha.

Nisieleweke kwamba nawapinga wapasua mbao. Wapo watakaosema kwamba suluhisho ni kupandisha bei ya kokwa na soko litamaliza mengine. Siafikiani nao. Bei ya kokwa ikipanda kabla ya haki kuandikwa, mwenye nguvu ataupora mti kwa ajili ya kokwa kama alivyouporea mbao, na mwokotaji atakuwa kibarua chini ya mti wa babu yake. Wengine husema tupige marufuku kila shoka. Hao nao wanasahau kwamba mti hufa, kwamba tengkawang iliyochakaa haizai, na kwamba kwa familia isiyo na benki mti mmoja uliokomaa ndiyo akiba ya siku ngumu. Kinachohitajika ni uamuzi wa kuukata ubaki kwa yule atakayepoteza kokwa.

Ombi langu kwa gazeti lako, Mhariri, ni dogo na linatekelezeka. Mnapochapisha habari za miti hii, au mnapotafsiri taarifa za mashirika yanayohimiza ipandwe, mwandishi wenu aulize ardhi ni ya nani kwa sheria na kwa mila, nani anaruhusiwa kuokota, nani hutoa kibali cha kukata, na kama hesabu ya msitu iliyotumika kutoa leseni ilitaja miti inayozaa au ilitaja mita za ujazo peke yake. Majibu yake yako katika nyaraka za umma za nchi hizo na katika midomo ya waokotaji wenyewe. Kama nafasi ni finyu, ipunguzwe ile aya ya vitamini na madini ambayo haikosekani katika kila makala ya kokwa, maana hiyo msomaji ameshaikariri.

Wako,
Msomaji wa siku nyingi